Kifungu cha 29

Mashariki mwa Ufaransa kuna mto mdogo uitwao Rahin. Si mto wa kujivunia. Unashuka kutoka milima ya Vosges, unapita vijiji ambavyo zamani viliishi kwa machimbo na viwanda, kisha unaingia katika mto Ognon na jina lake linaishia hapo. Siku niliyouona ulikuwa na rangi ya chai ya mkandaa, umejaa kwa mvua ya Machi, nami nilikuwa nimesimama darajani na koti la kuazima, najiuliza kama kweli nimetumia nauli yangu yote kuja kuangalia maji.

Kijiji chenyewe ni Champagney. Tafadhali usikichanganye na Champagne, kule kunakotoka mvinyo wa mapovu. Mimi nilichanganya, na mwenye nyumba niliyepanga kwake Besançon alicheka mpaka akakohoa. Champagney ina watu wasiofika 4,000. Ina kanisa, stesheni ndogo ya treni, bwawa kubwa lililochimbwa zamani ili kulisha mfereji wa meli, na nyumba za mawe zinazofanana. Ukipita hapo kwa gari huna sababu ya kusimama.

Nilikuwa Besançon kwa miezi michache kunoa Kifaransa, lugha ninayofundisha huku nyumbani. Jioni moja maktabani nikaona ramani ya njia ya kitalii inayounganisha sehemu tano za mashariki mwa Ufaransa zenye uhusiano na kukomeshwa kwa utumwa. Moja ni ngome ya Joux, alikofungwa Toussaint Louverture, akafa kwa baridi na maradhi tarehe 7 Aprili 1803. Hilo nililijua. Champagney sikuwahi kuisikia. Maelezo yalikuwa mistari miwili: mwaka 1789 wakulima wa kijiji hiki walimwomba mfalme akomeshe utumwa wa watu weusi.

Nikasoma tena. Wakulima? Si wanafalsafa wa Paris, si mabwana wa saluni na wigi za unga? Wakulima wa milimani, ambao bahari hawajawahi kuiona?

Basi Jumamosi nikapanda treni hadi Belfort, nikabadilisha, nikashuka Champagney peke yangu.

Ili uelewe kilichotokea, inabidi urudi kwenye majira ya baridi ya 1788 kuingia 1789. Mavuno yalikuwa mabaya, mvua ya mawe ya Julai iliharibu mashamba sehemu nyingi za Ufaransa, halafu ikaja baridi iliyogandisha mito. Bei ya mkate ikapanda. Serikali ya Louis XVI ilikuwa imefilisika, na mfalme, kwa kukosa njia nyingine, akaita Baraza la Matabaka ambalo halikuwa limekutana tangu 1614. Kabla ya wajumbe kwenda Versailles, kila parokia ilitakiwa ikae kikao na iandike daftari la malalamiko yake. Nchi nzima ikaandika. Ni maelfu kwa maelfu ya madaftari, na ukiyasoma unakutana na mambo ambayo chifu yeyote wa Kenya angeyatambua: kodi ni nzito, chumvi ni ghali, tajiri ametufungia msitu na kuni hatupati, kasisi anachukua fungu la kumi na paa la kanisa linavuja.

Champagney walikaa kikao chao tarehe 19 Machi 1789. Ardhi yao ilikuwa chini ya abasia ya Lure, na katika mkoa ule wa Franche-Comté bado kulikuwa na watu waliofungwa na sheria za kikabaila ambazo sehemu nyingine za Ufaransa zilikwisha kusahauliwa. Mtu akifa bila mtoto anayeishi naye, mali yake inakwenda kwa bwana. Kwa hiyo walikuwa na mengi ya kusema, na waliyasema. Halafu, katika kifungu cha 29, daftari linageuka.

Sitalinukuu, nitakusimulia. Wanasema hawawezi kufikiria mateso ya watu weusi huko makoloni bila mioyo yao kuchomwa. Wale ni binadamu wenzao, tena ni ndugu zao katika dini, na wanatendewa vibaya kuliko wanyama wa kubeba mizigo. Wanasema hawaoni vipi mtu ataweza kutumia mazao ya makoloni hayo akikumbuka kwamba yamemwagiliwa damu ya wenzake. Wanaogopa kwamba vizazi vijavyo, vitakavyokuwa na elimu zaidi, vitawaita Wafaransa wa zama zao wala watu. Kwa hiyo wanamwomba mfalme, kwa unyenyekevu mkubwa, atafute njia ya kuwafanya watumwa hao wawe raia wenye faida kwa ufalme na kwa nchi.

Wala watu. Nilipofika hapo nilisimama. Sisi pwani tulikua tukitishwa na mumiani, yule mtu wa usiku anayenyonya damu na kwenda kuiuza. Na wapo watafiti wengi walioandika kwamba watumwa waliopakiwa majahazini kutoka bara waliamini kabisa kwamba wanapelekwa kuliwa. Watu wazima tulikuwa tukicheka hadithi hizo, tukasema ni ujinga wa washamba. Kumbe huko Champagney wakulima wenye njaa walikuwa wameangalia kikombe cha kahawa na bonge la sukari, wakafika kwenye wazo lile lile kutoka upande wa pili wa meza.

Swali la kwanza ambalo kila mtu huuliza ni hili: walijuaje? Hakukuwa na mtu mweusi Champagney. Inasimuliwa kijijini kwamba mtu mweusi pekee waliyewahi kumwona ni yule mfalme Balthazar katika picha ya Mamajusi iliyotundikwa kanisani, amesimama mbele ya mtoto Yesu na zawadi yake. Picha hiyo ipo. Niliingia kanisani kuiangalia. Balthazar amevaa vizuri kuliko mtu yeyote aliyewahi kukaa kwenye mabenchi yale, na nilijikuta nikiwaza kwamba kwa wakulima wale mweusi alikuwa, kabla ya jambo lolote, mfalme mgeni aliyekuja na adabu. Labda hilo lina uzito wake. Mtoto wa Ulaya wa leo picha ya kwanza ya Mwafrika anayoonyeshwa ni ya mtoto mwenye inzi machoni.

Lakini picha haiandiki kifungu. Wanahistoria humtaja Jacques Antoine Priqueler, mzaliwa wa kijiji aliyekuwa askari katika walinzi wa mfalme. Alikuwa akiishi huku na huko, kati ya nyumbani na mji mkuu, na mwaka 1788 huko Paris kilikuwa kimeanzishwa Chama cha Marafiki wa Watu Weusi, cha akina Brissot. Inaaminika kwamba ni yeye aliyerudi na mawazo hayo mfukoni. Wapo wanaolitumia jambo hili kukipunguza kifungu: ahaa, kumbe si wakulima, ni bwana mmoja msomi aliyewaandikia.

Mimi sikubali haraka hivyo. Nimekaa katika baraza nyingi za kijiji na mikutano ya shule. Msomi akija na jambo lake kutoka mjini, wazee wanajua namna ya kulizika: watalisifu, watasema litaangaliwa, na kwenye kumbukumbu za mkutano hutaliona. Champagney waliliacha likae. Katika mwaka ambao mkate hauonekani, hakuna aliyesimama akasema hebu tumalize yetu kwanza. Au pengine alisimama, akashindwa. Kwa vyovyote vile kifungu kimo, na waliojua kuandika wametia saini.

Sasa nije kwenye kile kilichonifanya nisilale vizuri usiku ule.

Watu wa Champagney walipofikiria makoloni, nadhani walifikiria Karibi, San Domingo hasa, iliyokuwa ikitoa sukari na kahawa nyingi kuliko koloni jingine lolote la Ufaransa. Lakini Ufaransa ilikuwa na makoloni mengine, upande wetu. Kisiwa cha Bourbon, ambacho leo ni Réunion, kilikuwa kinalima kahawa iliyoletwa kutoka Mocha mwaka 1715. Île de France, ambayo leo ni Mauritius, ilikuwa bandari na mashamba. Watumwa wa visiwa hivyo walitoka Madagaska, Msumbiji, na pwani ya Waswahili.

Tarehe 14 Septemba 1776, miaka kumi na miwili na nusu kabla ya kikao cha Champagney, Mfaransa mmoja aitwaye Jean-Vincent Morice alitia saini mkataba na Sultani wa Kilwa. Morice alikuwa daktari wa upasuaji aliyegeuka mfanyabiashara. Mkataba ulisema Sultani atampa watumwa 1,000 kila mwaka, kwa piasta 20 kila mmoja, na juu ya bei hiyo Sultani mwenyewe apate zawadi ya piasta 2 kwa kila kichwa. Asiuziwe Mzungu mwingine. Mkataba udumu miaka 100.

Nilikuwa najua kuhusu Kilwa, kama kila mtu aliyepita shule. Tunafundishwa msikiti mkuu, Husuni Kubwa, dhahabu ya Sofala, Ibn Battuta aliyepita mwaka 1331 akausifu mji. Mkataba wa 1776 hatufundishwi, au tukifundishwa ni kwa mstari mmoja, na katika mstari huo mwovu ni Mfaransa. Sawa, alikuwa mwovu. Lakini karatasi ile ina saini mbili.

Na hapa nimlete bibi yangu. Bibi, mama yake mama, alizaliwa Frere Town, Kisauni, pale ambapo matatu zote leo zinaita Kengeleni. Kengele yenyewe bado ipo barabarani. Ilikuwa ya wamisionari wa Kianglikana walioanzisha makazi yale mwaka 1875 kwa ajili ya watu waliokombolewa kutoka majahazi ya watumwa. Wanasema ililia kuwaonya watu wakati majahazi yalipoonekana. Familia nyingi za pale asili yao ni Wayao, Wamakua, Wanyasa, watu walioteremshwa hadi pwani ya kusini na kupakiwa, na Kilwa ndiyo iliyokuwa bandari kubwa ya biashara hiyo katika karne ya 19.

Bibi hakusema hayo. Ukimuuliza tumetoka wapi alisema, "Sisi ni wa hapa hapa." Ukimbana: "Babu yetu alikuwa Mnyasa." Ukimbana zaidi alikutuma dukani. Lakini alikuwa na neno moja alilolipenda mno, nalo ni uungwana. Kaa kiungwana. Kula kiungwana. Mtoto wa kiungwana hapigi kelele. Nilikuwa mtu mzima, niko chuoni, nilipojua kwamba katika Kiswahili cha zamani mwungwana hakuwa mtu mwenye adabu tu. Alikuwa mtu huru, asiye mtumwa. Yaani bibi alikuwa akituambia jambo kila siku mezani, na sisi tulidhani ni habari ya kijiko.

Katika pwani yetu hali ya utumwa ilikoma kisheria mwaka 1907. Bibi yangu alilelewa na watu waliozaliwa kabla ya hapo. Kwa hiyo ninaposoma kwamba mwaka 1789 wakulima wa Rahin waliona haya kwa ajili ya watu wasiowajua, kuna sehemu yangu inayofurahi, na kuna sehemu nyingine inayouliza: na sisi je? Katika misikiti na mabaraza ya miji yetu ya mawe, ambako watu walijua kuandika mashairi marefu ya kupendeza, nani aliandika kifungu cha 29 chetu? Kama kuna aliyeandika, mimi sijakisoma. Waliokimbia utumwa wakajenga vijiji vyao huko nyuma ya Malindi na Takaungu ndio waliotoa hoja, tena kwa miguu.

Lakini nisiwatukuze Wafaransa wangu kupita kiasi. Hebu angalia tena maneno ya kifungu. Wanaomba watumwa wafanywe raia wenye faida. Faida kwa nani? Na lile la udugu wa dini: watumwa wa makoloni walibatizwa kwa amri, ndiyo, lakini mtu wa Kilwa aliyefika Bourbon akiwa Mwislamu, je, yeye amo katika huruma hiyo au hayumo? Mwandishi wa kifungu hakufika huko. Ni hati ya 1789, imeandikwa kwa goti moja chini, na inanukia uvumba.

Na haikubadilisha chochote siku ile. Utumwa katika makoloni ya Ufaransa ulifutwa tarehe 4 Februari 1794, baada ya watumwa wa San Domingo kuasi na kushika silaha. Barua za wakulima hazikuwa na nguvu hiyo. Huku kwetu, wawakilishi walioletwa Île de France mwaka 1796 kutekeleza sheria walirudishwa melini na walowezi. Mwaka 1802 Napoleon akaurejesha utumwa rasmi. Ikabidi kusubiri hadi tarehe 27 Aprili 1848. Kutoka kikao cha Champagney ni miaka 59; aliyekuwa kijana siku ile alikufa mzee au alikufa mapema, akinywa kahawa ile ile.

Kisha kijiji kikasahau. Kilikuwa na mambo yake. Makaa ya mawe yalikuwa yakichimbwa hapo na katika kijiji jirani cha Ronchamp, na kwa zaidi ya karne moja maisha yalikuwa shimoni, hadi mgodi ulipofungwa mwaka 1958. Vita navyo vikapita. Mwaka 1944 mstari wa mapigano ulisimama hapo kwa wiki nyingi, nyumba zikapigwa mizinga, na kanisa dogo la juu ya kilima cha Ronchamp likabomolewa. Mahali pake ndipo Le Corbusier alipojenga lile la zege jeupe lililokamilika mwaka 1955, ambalo watalii wa dunia nzima huja kulipiga picha. Hushuka Ronchamp, hawashuki Champagney.

Katika vita hivyo kuna jambo ambalo halipati nafasi ya kutosha kwenye vibao. Divisheni ya Kwanza ya Ufaransa Huru, iliyopigana katika eneo hilo, ilikuwa na askari wengi Waafrika waliotoka makoloni ya Afrika Magharibi na ya Kati. Walikuwa wamepigana jangwani, wakapigana Italia, wakashuka Provence. Majira ya kupukutika ya 1944, walipofika katika milima hiyo, jeshi likaamua kuwatoa mstari wa mbele na kuwaweka vijana Wafaransa mahali pao. Sababu iliyotolewa ni baridi. Mengi walitakiwa kuyaacha, hata makoti na bunduki zao, wavae hao waliokuja kumalizia ushindi. Wafaransa wenyewe wana neno la tendo hilo, ambalo kwa Kiswahili ningesema kupaka jeshi chokaa. Hivyo miaka 155 baada ya kifungu cha 29, watu weusi halisi walifika hatimaye jirani na Champagney, wakaambiwa asanteni, rudini.

Aliyekifufua kifungu ni René Simonin, mtu wa kijijini hapo. Mwaka 1971 alianzisha nyumba ya makumbusho, Nyumba ya Negritudi na Haki za Binadamu, na Léopold Sédar Senghor, rais wa Senegal wakati huo, akakubali kuwa mlezi wake. Fikiria: mwaka 1971. Sheria ya Ufaransa inayotambua biashara ya watumwa kuwa uhalifu dhidi ya ubinadamu ilipitishwa mwaka 2001. Kijiji cha wachimba makaa kiliitangulia serikali yao kwa miaka 30, na hiyo ni mara ya pili.

Niliingia humo. Kuna nakala ya daftari, na kuna tumbo la meli ya watumwa lililotengenezwa upya kwa mbao, giza, dari fupi. Siku hiyo kulikuwa na watoto wa shule. Mmoja, wa miaka kama tisa, alitoka mle ndani akaniona, akaniangalia kwa muda, kisha akaniambia bonjour kwa sauti ndogo sana, kama mtu anayesalimia kwenye matanga. Nilitaka kumwambia ajisikie huru, mimi ni mwalimu tu, nimekuja na treni. Nikamjibu bonjour.

Mama mzee aliyekuwa zamu aliniuliza nimetoka wapi. Nikasema Kenya, Mombasa. Akataka kujua kama huko nako watumwa walichukuliwa. Nikaanza kumweleza Kilwa, Morice, piasta 20, na jinsi kahawa ya Bourbon ilivyolimwa. Alisikiliza hadi mwisho. Kisha akauliza, bila hila yoyote, "Na familia yako?"

Kwa mazoea yangu yote jibu lilikuwa tayari mdomoni: sisi ni wa hapa hapa. Ila hapa hapa yenyewe ilikuwa mbali. Nikamwambia ndiyo.

Treni ya kurudi ilichelewa dakika 40. Nikiwa stesheni nilimpigia mama. Nikamweleza nilipo; alidhani nimepotea. Nikamuuliza jina la yule babu Mnyasa wa bibi. Akanyamaza. Akasema, "Mwanangu, ya nini mambo hayo, na simu za nje ni ghali?" Nikamwambia nalipa mimi.

"Alikuwa na majina mawili," akasema baadaye. "La ubatizo na lile alilokuja nalo."

Alinitajia yote mawili. Lile la pili ilibidi alirudie, kwa sababu treni ilikuwa inaingia na sikusikia vizuri. Nimeyaandika kwenye daftari langu. Hapa siyatoi, mama ameomba kwanza awaambie dada zake.